Sauti ya Pili Kwenye Kitabu cha Vipeo

Mtaani walimwita Mama Tanzia, na jina hilo hakulichagua. Lilimpata kazini. Kwa miaka mingi alikuwa akisoma matangazo ya vifo redioni, kila siku mchana, baada ya taarifa ya habari na kabla ya muziki, na mji mzima uliijua sauti ile kama mtu anavyojua mlio wa mlango wa nyumba yake. Ilikuwa sauti nzito kidogo kwa mwanamke, isiyo na haraka, isiyopanda wala kushuka. Akisema "Tunasikitika kutangaza," watu mezani waliacha kutafuna.

Ubaya wa sauti ni kwamba huwezi kuivua ukitoka kazini ukaitundika nyuma ya mlango. Akiingia dukani kuomba sabuni, muuza duka alishika kwanza ukingo wa meza. Akimpigia mtu simu, upande wa pili ulinyamaza, kisha mtu akauliza kwa woga, "Nani?" na hakuwa akiuliza nani anapiga. Hata binti yake wa pekee, mwenye ulimi mwepesi kama mama yake, alimwambia siku moja, "Mama, ukiniamsha asubuhi huwa najipapasa kwanza." Walicheka wote wawili. Lakini Mama Tanzia aliniambia baadaye kwamba siku hiyo aliingia bafuni akakaa kitako juu ya ndoo muda mrefu, bila kufungua maji.

Mimi nilimfahamu alipokuja kwetu. Nilikuwa nakaa kwenye meza ya kuazimisha katika maktaba ya wasioona, ile iliyo upande wa nyuma wa chuo, ambako rafu hazina vitabu vingi ila kanda za sauti zilizopangwa kama matofali. Redio ilikuwa imebadilisha mambo yake, matangazo ya vifo yakapewa vijana wenye sauti changamfu, na yeye akashukuriwa akaonyeshwa mlango. Mkuu wa maktaba alimsikia akiulizia kazi pale mapokezi, akamchukua hapohapo. Alisema sauti kama ile haichoshi sikio.

Chumba cha kurekodia kilikuwa chini, kwenye iliyokuwa stoo ya karatasi. Kuta zilipigwa sponji kutoka sakafuni hadi juu. Dirisha halikuwepo, ila kioo kimoja kilichotazamana na chumba cha fundi mitambo. Mlango ulikuwa mzito, ukiufunga masikio yanaziba. Ndani mlikuwa na meza iliyotandikwa blanketi ili kurasa zisikwaruze, kishikizo cha kitabu, taa na kipaza sauti. Bangili na saa ya mkononi zilikatazwa. Ukikaa mle kimya kwa muda unaanza kusikia damu yako mwenyewe ikipita shingoni.

Fundi mitambo alikuwa mtu mrefu aliyepinda mgongo kwa kuinamia mashine, na maneno yake yalikuwa ya kuhesabika. Siku ya kwanza alimwambia mgeni wake, "Humu ndani tumbo likinguruma, wanafunzi wote watajua umekula nini." Mama Tanzia akamjibu kwamba yeye amezoea kusomea watu wenye shida kubwa kuliko tumbo lake. Wakaelewana tangu siku hiyo.

Riwaya zilikuwa na wasomaji wake, tena waligombania. Historia nayo ilikuwa na mwenyewe. Kilichobaki ni rafu moja ya hisabati, na karibu vyote ni vitabu vya jambo moja: vipeo na logi, mambo ya ukuaji na upungufu. Aliyekuwa akivisoma ni mwalimu mstaafu wa hisabati. Alikuwa katikati ya kile kinene kuliko vyote kifua kilipomzidi, akafariki. Mama Tanzia alikifungua kitabu hicho pale mezani kwangu, akaona herufi ndogondogo zimepanda mabegani mwa herufi kubwa, nyingine zimebeba nyingine tena juu yake.

"Hiki si kitabu," aliniambia. "Huu ni ukoo. Kila mmoja amebeba mtoto."

Basi akaletewa mtu wa kumfundisha kukisoma. Alikuwa mwanafunzi wa mwaka wa mwisho, binti asiyeona tangu utotoni, tuliyemwita Mwanahesabu. Mtihani wake ulikuwa unakaribia, na kitabu kile ndicho alichokihitaji. Nilimshusha ngazi mimi mwenyewe. Mama Tanzia alipofungua kinywa kumkaribisha, yule binti alisimama mlangoni akiwa ameshika fremu.

"Wewe ndiye wa redio," alisema.

"Ndiye mimi, mwanangu."

"Ulimsoma mama yangu."

Mama Tanzia hakuona aibu wala hakujifanya. "Sikumbuki," alisema. "Nimesoma wengi."

"Ulitua kidogo kabla ya jina lake. Nimekuwa nikijiuliza kwa nini ulitua pale."

"Nilikuwa natua kwa kila mtu. Nilikuwa nalitazama jina mara ya pili kabla ya kulitamka. Ukimtangaza aliye hai, kuna mtu ataanguka nyumbani kwake na hutamwinua."

Mwanahesabu aliachia fremu ya mlango, akapapasa kiti, akaketi. "Basi utaweza kusoma hesabu," alisema. Na somo likaanza.

Alimweleza kuwa msikilizaji haoni kipeo kinaishia wapi. Ukisoma "mbili kwa kipeo cha x jumlisha moja," ile moja iko juu pamoja na x, au imeshuka chini? Ni hesabu mbili tofauti kabisa. Kwa hiyo lazima useme "anza kipeo," na ukimaliza useme "maliza kipeo," na mabano yafunguliwe na kufungwa kwa sauti. Mama Tanzia alijifunza haraka. Lakini alitaka pia kujua anasoma nini.

"Kuna vitu hukua kwa kuongezewa," Mwanahesabu alimwambia, "kama ukuta, tofali juu ya tofali. Na kuna vitu hukua kwa kujizidisha vyenyewe. Kadiri kilivyo kikubwa ndivyo kinavyokua haraka. Mwanzoni huwa kidogo mno, hata hukioni. Ukija kukishtukia, kimeshajaa nyumba."

"Na upungufu je?"

"Huo unachukua sehemu ya kilichobaki. Nusu, halafu nusu ya nusu, halafu nusu ya hiyo. Kinaikaribia sifuri kila siku, na hakiifikii."

Mama Tanzia alitafakari. "Kama marehemu," alisema. "Mwaka wa kwanza wanamtaja wote. Mwaka wa pili nusu yao."

Mkuu wa maktaba alikuwa ameamua kitabu kianze upya, chote kwa sauti moja. Kanda mpya zilikuwa adimu siku zile, kwa hiyo zile za marehemu zikafutwa ili zirekodiwe upya. Fundi hakupendezwa, lakini hakuwa mtu wa kubishana. Mama Tanzia akasoma sura ya kwanza asubuhi moja, bila kukwama, na kanda ikapandishwa juu kwa Mwanahesabu akaijaribu.

Alisikiliza akiwa kwenye kona yake karibu na meza yangu, kidole kimoja kikigonga paja kila kipeo kilipoanza. Kisha kidole kikasimama. Akarudisha kanda nyuma, akasikiliza tena.

"Nani anasoma naye?" aliniuliza.

Nilivaa zile spika za masikioni. Nikasikia Mama Tanzia peke yake. Mwanahesabu akaniambia nipandishe sauti hadi mwisho na nisimsikilize Mama Tanzia, nisikilize chini yake. Nilifumba macho. Chini, mbali, kama mtu anayesoma katika nyumba ya tatu kutoka yako, kulikuwa na sauti ya mwanamume. Ilikuwa ikisema maneno yaleyale, anza kipeo, maliza kipeo.

Fundi hakushangaa. Alisema ni marehemu. Mashine ya kufutia ilikuwa ya zamani, haifuti yote. Kila ukifuta, inabaki sehemu, ukifuta tena inabaki sehemu ya sehemu. "Haiishi kabisa," alisema. "Inapungua tu." Mwanahesabu alicheka, akasema hiyo ni sura ya nne yote, ameifupisha vizuri kuliko kitabu. Jambo likaishia hapo.

Au lilionekana limeishia. Sura ya pili ilirekodiwa, na ya tatu, na kila mara ile sauti ya chini ilikuwepo. Mimi mwenyewe nilianza kuisikia bila kupandisha chochote. Ndipo tukafika pale marehemu alipoishia. Kanda zake zilikuwa zimekwisha, hakuwahi kusoma hata ukurasa wa mbele ya hapo, kila mtu pale maktaba alilijua hilo. Fundi akatoa kanda mpya, akaipasua plastiki mbele yetu. Mama Tanzia akaingia akasoma.

Sauti ya mwanamume ilikuwa humo. Ilikuwa safi kuliko mwanzo.

Fundi alisikiliza kipande kidogo tu. Akavua zile spika, akaziweka taratibu kama kitu cha moto, akaenda kuketi kwenye ngazi. Alikaa pale bila kuvuta sigara wala kufanya lolote. Baadaye akafungua mashine, akasafisha vichwa vyake kwa pamba na spiriti, akabadilisha nyaya, kisha akaazima mashine nyingine kutoka idara ya lugha, ambayo haikuwahi kumsikia marehemu hata mara moja. Wakarekodi tena sura ileile. Sauti ilikuwepo.

Mwanahesabu ndiye aliyegundua jambo lililotusumbua kuliko hilo. Mama Tanzia, katika mlinganyo mmoja mrefu, alikuwa ameruka alama ya kutoa. Kosa dogo, jicho limeteleza. Sauti ya chini haikuiruka. Ilisema "toa," peke yake, katika ile nafasi ambayo Mama Tanzia alikuwa kimya akivuta pumzi.

"Anamsahihisha," alisema Mwanahesabu. Alisema polepole, akiwa ametazamisha uso kwenye ukuta.

Kutoka hapo fundi akaanza kupima. Kwenye mashine palikuwa na mshale mdogo unaocheza kwa kufuata nguvu ya sauti, na alikuwa na njia zake za kuzitenganisha sauti mbili, nzito na nyepesi. Aligundua kwamba katika kila sura ya kitabu, nguvu ya sauti ya mwanamume ilikuwa maradufu ya ile ya sura iliyotangulia. Na sauti ya Mama Tanzia, ambayo yeye mwenyewe aliitoa kwa nguvu ileile siku zote, ilikuwa inashuka. Kila sura, nusu ya iliyopita. Tulimsikia wazi akizungumza nasi ana kwa ana, hatukuona tofauti yoyote. Ni mashine tu ndizo zilizokuwa zikimpokea kidogo zaidi kila mara.

Mwanahesabu aliuliza zimebaki sura ngapi. Akatulia, midomo ikicheza. Hakuhitaji karatasi.

"Watakutana hivi karibuni," alisema. "Baada ya hapo yeye atakuwa juu, na Mama chini. Sura ya mwisho, Mama hatasikika tena."

"Na yeye?" Mama Tanzia aliuliza.

"Yeye sijui kama chumba kitamtosha."

Kitabu kilikuwa palepale mezani, kimefungwa, jalada lake la bluu limechubuka pembeni. Nilijikuta nimesogeza kiti changu mbali nacho.

Binti wa Mama Tanzia alimwambia mama yake aache kazi. Mama Tanzia alinisimulia mazungumzo hayo siku ya pili yake, akiwa anamenya chungwa pale kwenye ngazi.

"Nilimwambia, nimetangaza vifo vya watu maisha yangu yote, na hakuna hata mmoja aliyewahi kunijibu. Huyu ndiye wa kwanza."

"Huogopi?"

"Naogopa sana. Nikiingia mle na mlango ukifungwa, najua kuna kiti kimoja tu, lakini naketi pembeni ya kiti, kama mtu anayemwachia mwenzake nafasi. Sijui ni lini nilianza kukaa hivyo." Akanipa kipande cha chungwa. "Lakini yule mtoto ana mtihani. Na mwanamume yule hajanifanyia ubaya. Amenisahihisha tu."

Ni yeye aliyesema twende kwa mjane. Tulikwenda alasiri moja, mimi na yeye, tukiwa na kinasa sauti kidogo na kanda kwenye mfuko wa kitambaa. Mjane wa mwalimu aliishi katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya kiwanda cha magodoro. Alikuwa mwanamke mdogo wa umbo, msafi sana, aliyetufungulia kabla hatujamaliza kupiga hodi. Sebule yake ilikuwa na viti vilivyofunikwa vitambaa, na redio juu ya kabati, nayo imefunikwa. Nilimweleza tumetoka maktaba. Mama Tanzia hakusema neno, alijua sauti yake ingefanya nini mle ndani.

Tukamwekea kanda. Ilikuwa ya sura ile ambapo sauti mbili zilikuwa zimekaribia kulingana, zikipishana kama watu wawili wanaotembea njia moja. Mjane alisikiliza mikono ikiwa magotini.

"Ni yeye," alisema.

Tukangoja.

"Lakini hakohoi. Mwaka wake wa mwisho wote hakuweza kumaliza sentensi bila kukohoa. Hii mmeirekodi lini?"

Nilimwambia ukweli, kwamba ni mwezi ule ule. Nilitegemea alie, au atufukuze. Yeye alinyanyuka akaifunua redio, akakunja kitambaa mara mbili, akakiweka pembeni. Akamgeukia Mama Tanzia.

"Na huyo anayesoma naye ni wewe. Wewe ndiye uliyemtangaza."

"Nilimtangaza," alisema Mama Tanzia.

"Nilikuwa nimekaa hapa. Kulikuwa na jua kali, mlango wazi, watu wamejaa. Ulisoma jina lake, na mimi nikatazama kile kiti chake, nikaona kama bado hajaamini. Kama na yeye alikuwa anasikiliza." Akaigusa redio. "Labda sauti yako ndiyo ya mwisho aliyoisikia vizuri. Mtu hufuata anachokijua."

Mama Tanzia alikuwa ameshika mfuko wa kanda kwa mikono miwili.

"Unataka tufanye nini, dada?" aliuliza.

"Mwacheni amalize. Kitabu hicho kilimtesa. Hakuwa mtu wa kuacha kazi katikati, hata sufuria ya kuosha hakuiacha katikati."

Sura ya mwisho ilirekodiwa asubuhi, jua likiwa limeshapanda, wanafunzi wakipita nje na mikebe yao ya chai. Nilifunga meza yangu nikashuka. Tulikuwa watatu kwenye chumba cha fundi, yeye ameketi, mimi na Mwanahesabu tumesimama nyuma yake. Upande wa pili wa kioo Mama Tanzia alikiweka kitabu kwenye kishikizo, akavua pete, akaketi. Nilimwona akiketi pembeni ya kiti.

Akaanza kusoma. Tuliona midomo ikienda. Katika zile spika alikuwa amebaki uzi tu wa sauti, chembe, kama chungu anatembea juu ya karatasi. Na juu yake mwanamume alikuwa akisoma kwa ukamilifu, kwa pumzi pana, kila bano mahali pake. Hakuwa na haraka. Alisoma kama mtu anayesoma kwa mwanafunzi mmoja anayempenda.

Mwishoni mwa ukurasa wa kwanza Mama Tanzia alinyamaza. Alifunga mdomo, akaweka mikono juu ya blanketi, akatutazama kupitia kioo.

Mshale haukuanguka.

Fundi alimnyooshea kidole, kisha akakizungusha hewani: geuza ukurasa. Mama Tanzia akageuza. Baadaye aliniambia kwamba yeye mle ndani hakusikia chochote, chumba kilikuwa kitupu na kimya, na kitu pekee alichokihisi ni kwamba ukurasa ulikuwa mwepesi, kana kwamba kona yake ilikuwa imeshainuliwa kabla kidole chake hakijafika. Fundi alikuwa akisikiliza, na kila ukurasa ulipoisha alizungusha kidole. Wakaendelea hivyo. Mwanamke amefunga mdomo, anageuza kurasa. Sauti inasoma.

Ilizidi kukua. Mshale ukaanza kulalia upande mwekundu. Fundi akapunguza, akashusha kitufe hadi chini kabisa, na sauti haikushuka. Mwanahesabu alivua spika zake akazishika kifuani, akasema bado anasikia. Mimi pia nilisikia, bila kitu masikioni: sauti ya mwanamume kutoka ndani ya chumba kile cha sponji, ambacho fundi alikijenga mwenyewe ili kisitoe hata mlio wa kiatu. Kioo kilitetemeka kwenye fremu yake. Chai ya fundi ikajichora mistari ya duara juu yake. Mama Tanzia alikuwa amekaa wima, anatutazama, hajui.

Sauti ikamaliza zoezi la mwisho. Ikasema jibu, ambalo lilikuwa namba fupi tu. Halafu ikatua.

Nilidhani mshale ungeanguka mara moja. Ulishuka nusu. Ukasimama hapo kama unavuta pumzi, ukashuka nusu ya ile nusu, kisha tena. Tulisubiri ulale. Ulikuwa unatetemeka karibu kabisa na alama ya sifuri, unene wa unywele, na haukulala. Fundi alisubiri kwa muda mrefu kuliko nilivyopenda. Mwishowe aliinama, akachomoa waya ukutani.

Mama Tanzia alitoka akauliza nani ana maji. Sauti yake ilikuwa ileile, nzito, ya kila siku. Alikunywa glasi nzima amesimama. Mwanahesabu akamshika mkono, akamwambia hakuna kosa hata moja katika sura ile, na wakakaa kwenye ngazi bega kwa bega.

Mwanahesabu alifaulu, na vizuri, na sasa anafundisha. Mjane alipelekewa nakala. Nilipokwenda kumwona mwaka uliofuata aliniambia huwa anaisikiliza akipiga pasi, haelewi hata mstari mmoja, na kwamba sasa amejua mumewe alikuwa anafanya nini mle maktabani, maana yeye siku zote alidhani anakwenda kupumzika. Zile kanda bado zinaazimwa. Watu wanaozirudisha huniuliza msomaji ni nani, mbona mwanzoni ni mwanamke na mwishoni ni mwanamume, na mimi huwajibu kwamba waligawana kazi.

Kwa Mama Tanzia, kuna kitu hakikurudi. Ana kwa ana unamsikia vizuri. Lakini tangu siku ile mashine hazimpokei. Kwenye simu binti yake anamwambia aongee kwa nguvu, na yeye anasema ndiyo anaongea. Redio ilimwita mara moja, kwenye maadhimisho ya miaka ya kituo, wakamweka mbele ya kipaza sauti kipya kabisa, na kijana wa mitambo akadhani waya umekatika. Aliniambia hakusikitika. Sikuyaamini yote, ila niliona alikuwa amepunguza tabia yake ya zamani ya kukohoa kidogo kabla ya kuingia mahali, kama mtu anayewaonya watu kwamba anakuja.

Tulimweka kwenye kazi ya kusikiliza kanda za wengine na kutafuta makosa. Alikaa na kazi hiyo miezi kadhaa. Kisha asubuhi moja akateremka na kitabu cha pili kutoka ile rafu, kidogo zaidi, cha logi na matumizi yake, akamkuta fundi anafuta vumbi.

"Nani atakisoma?" fundi aliuliza.

"Weka kanda tuone."

Aliingia, akakifungua ukurasa wa kwanza, akaketi bila kusema kitu. Fundi alikaa upande wake wa kioo akiutazama mshale. Mshale ulikuwa umelala. Walikaa hivyo sana, kila mmoja na mikono yake mapajani. Wanafunzi walipita nje, mtu akaangusha kijiko koridoni. Mshale haukunyanyuka, na Mama Tanzia, aliniambia, alihisi kitu ambacho hakukitegemea, kama unapopika kwa watu wawili ukakumbuka uko peke yako.

Akasogea akaketi katikati ya kiti. Akasoma jina la kitabu, na sura, na mstari wa kwanza. Fundi aliongeza sauti hadi mwisho wa kitufe, akabana zile spika masikioni kwa viganja vyote viwili, akampata Mama Tanzia, mbali, mdogo, akisema anza kipeo. Akabonyeza kitufe cha kurekodi.